Gemu limefutwa, nafasi haijarudi: kusafisha tableti ya zamani

Ujumbe ni uleule kila mara: nafasi ya hifadhi inakaribia kuisha, na huenda baadhi ya vipengele vya mfumo visifanye kazi. Mtu anaupitisha kwa kidole, anafuta gemu moja dogo, tableti inapumua siku mbili, kisha ujumbe unarudi. Picha hazihifadhiki, WhatsApp inagoma kupokea video, Play Store inazungusha duara lake mpaka inachoka. Hapo ndipo wengi huamua kwamba kifaa kimezeeka na hakina kazi tena. Mara nyingi hakina ugonjwa wowote. Kimejaa, na kimejaa vitu ambavyo mwenyewe havioni, maana gemu huacha mizigo yake sehemu tatu au nne tofauti, na ile alama ya kubonyeza kwenye kioo ndiyo ndogo kuliko yote.

Maelezo haya ni ya tableti za Android, au vishikwambi, neno lililoenea sana Tanzania wakati wa Sensa ya mwaka 2022 makarani walipopita navyo nyumba kwa nyumba. Nalenga hasa zile za GB 8, 16 na 32 zenye Android 5 hadi 9, kwa sababu ndizo zinazoteseka. Majina ya menyu ni yale ya Android iliyowekwa Kiswahili. Kama yako inazungumza Kiingereza, vitufe viko palepale: Sanidua ni Uninstall, Akiba ni Cache. Na watengenezaji hupenda kuhamisha vitu, kwa hiyo usipokuta kitufe mahali nilipopataja, kitafute ukurasa wa jirani.

GB 8 zinakwenda wapi

Chukua Samsung Galaxy Tab A ya inchi 7 ya mwaka 2016, ile yenye namba SM-T280. Boksi linasema GB 8. Mtengenezaji anahesabu GB moja kuwa baiti bilioni 1. Android ya zamani inahesabu kwa mafungu ya 1,024, kwa hiyo GB 8 za boksi zinasomeka 7.45 tu. Hapo toa mfumo wenyewe na programu zilizokuja nao kutoka kiwandani. Kinachobaki mikononi mwa mwenye kifaa ni nusu na ushee. Magemu, picha za harusi, video za WhatsApp, na katuni za mtoto, vyote vinagombania hiyo nusu.

Halafu kuna jambo ambalo muuza duka hakwambii. Android 5 na 6, zinaposakinisha programu, huitafsiri yote kuwa lugha ya prosesa palepale, na tafsiri hiyo huhifadhiwa kando ya faili la awali. Ndiyo maana gemu ulilolipakua kwa MB 60 linakalia nafasi kubwa kuliko hiyo kabla hata hujalifungua. Kuanzia Android 7, ya mwaka 2016, mfumo hutafsiri kwanza zile sehemu zinazotumika mara kwa mara, na mzigo ukapungua. Kwa mwenye tableti ya Android 5 maana yake ni hii: programu moja ikiondoka, nafasi inayorudi huzidi ukubwa ulioandikwa Play Store.

Kuna na kizingiti. Kwa kawaida Android hupiga kengele nafasi iliyobaki ikishuka chini ya asilimia 5 ya hifadhi ya mtumiaji au chini ya MB 500, ile iliyo ndogo kati ya hizo. Gemu linaposhuka linahitaji nafasi ya faili lenyewe, nafasi ya kulifungulia, na nafasi ya kulikalisha. Kwa hiyo unaweza kuona MB 600 zimebaki, gemu ni la MB 200, na bado Play Store inakataa. Iko sahihi. Kwa tableti ya GB 8, jitahidi kubakiza GB 1 tupu muda wote. Kwa ya GB 16, GB 2. Chini ya hapo kifaa kinakuwa kizito hata kama RAM, yaani kumbukumbu ya kazi, iko wazi. Chipu ya hifadhi haiwezi kuandika juu ya kitu kilichofutwa mpaka ikisafishe kwanza, tena kwa mafungu makubwa. Ikikosa mafungu matupu, inaanza kuhamisha vitu huku na kule kila unapogusa kioo, nawe unaona alama zinachelewa kuitika.

Kabla hujafuta chochote

Fungua Mipangilio, kisha Hifadhi, na uandike kwenye karatasi namba ya nafasi iliyobaki. Karatasi kweli, kwa kalamu. Bila namba hiyo hutajua kama hatua uliyochukua imezaa kitu au umepoteza muda.

Sasa nenda Mipangilio, Programu, bonyeza vidoti vitatu juu kulia na uchague kupanga kwa ukubwa. Kwenye Android 8 na kuendelea, ukurasa wa Hifadhi wenyewe una mstari wa Michezo unaokusanya magemu yote pamoja. Soma kutoka juu. Karibu kila tableti ya nyumbani ina programu tatu au nne zinazokula zaidi ya nyingine zote zikijumlishwa, na kazi yako ni kuzitambua hizo. Kufuta magemu madogo kumi ya MB 30 kunakupa MB 300 na vilio kumi vya mtoto. Gemu moja la mpira kama eFootball, ambalo peke yake huzidi GB 2, linamaliza kazi kwa kilio kimoja.

Gusa gemu mojamoja uone mchanganuo wake. Tuseme umekuta hivi: Programu MB 95, Data MB 870, Akiba MB 40. Zitazame namba hizo vizuri. MB 95 ndicho kilichotoka Play Store siku ya kwanza. MB 870 ni viwanja, magari, sauti na nguo za wachezaji ambavyo gemu lilijipakulia lenyewe baada ya kufunguliwa, mara nyingi kwa bando lako. MB 40 ni vitu vya muda. Ukibonyeza Futa akiba utapata MB 40, na gemu likifunguliwa kesho litazirudisha. Ukibonyeza Futa data utapata zaidi ya MB 900, lakini gemu litabaki na litaanza kupakua upya kama limezaliwa leo. Kwa hiyo, kwenye gemu, akiba haina maana ya kusumbuka nayo, na Futa data bila kusanidua ni hasara mara mbili. Ama liache, ama liondoe lote.

Swali linalofuata ni la maendeleo ya mchezaji, na hapa mtu mzima anaweza kumuumiza mtoto bila kukusudia. Hatua 300 za mchezo ni miezi ya kazi yake. Fungua gemu, ingia kwenye mipangilio yake ya ndani, utafute kama limeunganishwa na akaunti: Google Play Games, Facebook, au akaunti ya mtengenezaji wa gemu. Likiwa limeunganishwa, hakikisha mara ya mwisho limehifadhi, ukiwa na intaneti. Kama halina akaunti yoyote, maendeleo yamo ndani ya ile Data, na yatazikwa pamoja nayo. Minecraft ndiyo yenye maumivu zaidi: ulimwengu aliojenga mtoto unakaa kwenye tableti yenyewe, na programu ikisanidulwa unaweza kupotea wote. Fungua uhariri wa ulimwengu huo, utafute sehemu ya kuusafirisha, upate faili la mcworld, kisha ulitume kwenye Google Drive au memori kadi kwanza.

Jambo jingine ni kama gemu litaweza kurudi. Tableti ya zamani inaweza kuendelea kutumia programu iliyokwisha kuwekwa, lakini ukiiondoa, Play Store ikakwambia kifaa chako hakilingani na toleo hili. Google iliacha kuzisasisha huduma za Play kwa Android 4.4 mwaka 2023, na Chrome kwa Android 7 iliishia toleo la 119. Magemu yana tabia hiyohiyo. Kabla ya kuondoa kitu ambacho mtu atakitaka tena, fungua ukurasa wake Play Store na usome kama kuna onyo la kutolingana. Mara nyingine Play Store hukupa toleo la mwisho linalokubali kifaa chako, lakini usilitegemee.

Na kama kuna gemu linalokata pesa kila wiki au kila mwezi, kulifuta hakusimamishi malipo. Fungua Play Store, gusa picha ya akaunti, nenda Malipo na usajili, uukate huko kwanza.

Kuondoa kwenyewe

Kosa linalorudiwa kuliko yote ni kuburuta alama ya gemu mpaka kwenye neno Ondoa, ikatoweka, mtu akaridhika. Ondoa huitoa alama kwenye ukurasa wa mwanzo tu. Gemu lenyewe limelala palepale kwenye orodha ya programu. Unachotaka ni Sanidua. Njia isiyo na utata ni ya Mipangilio, Programu, gemu, Sanidua. Kama magemu ni mengi, Play Store ni haraka zaidi: picha ya akaunti, Dhibiti programu na kifaa, Dhibiti, weka tiki kwenye visanduku vya magemu yote unayotaka kuyaondoa, kisha gusa alama ya ndoo. Orodha hiyo unaweza kuipanga kwa ukubwa, au kwa zile zilizokaa muda mrefu bila kutumika.

Kuna tableti ambazo baba ana ukurasa wake na mtoto ana wake, kila mmoja na alama zake. Android imeruhusu watumiaji wengi kwenye tableti tangu toleo la 4.2. Hapo gemu likisanidulwa kwa baba, nafasi hairudi kama mtoto bado analo, kwa sababu faili la programu ni moja linalotumiwa na wote. Ingia kama mmiliki wa kifaa, fungua gemu kwenye Mipangilio, gusa vidoti vitatu, uchague kulisanidua kwa watumiaji wote. Na kama kuna mtumiaji ambaye hayupo tena, binamu aliyekuja likizo akafunguliwa ukurasa, mfute mtumiaji huyo mzima baada ya kutoa picha zake. Hilo peke yake linaweza kurudisha mamia ya MB.

Ukikuta kitufe cha Sanidua kimefifia, sababu huwa mbili. Ya kwanza: programu imepewa mamlaka ya msimamizi wa kifaa. Gemu halali halina haja na mamlaka hayo, kwa hiyo likiwa nayo lishuku mara moja. Nenda Mipangilio, Usalama, Wasimamizi wa kifaa, ondoa tiki yake, kisha urudi kulisanidua. Ya pili: limekuja na mfumo kutoka kiwandani.

Magemu na programu za kiwandani zinastahili maelezo, kwa sababu watu hupoteza siku nzima wakihangaika kuzing'oa. Nakala ya awali ya programu hizo imo kwenye sehemu ya mfumo, ambayo imetengwa kabisa na sehemu yako. Hata ungeweza kuzifuta, nafasi hiyo isingehamia kwenye picha zako. Kinachokula sehemu yako ni masasisho: toleo jipya la YouTube likija, haliandikwi juu ya lile la kiwandani, linakaa upande wako, na la zamani linabaki kule. Kwa hiyo programu ya kiwandani usiyoitumia iondolee masasisho kwanza, kisha uizime. Tableti za miaka hiyo zina hazina nzuri hapa: Google+ iliyofungwa kwa watumiaji wa kawaida Aprili 2019, Play Music iliyofungwa Desemba 2020, Hangouts iliyofungwa Novemba 2022. Huduma zenyewe hazipo tena duniani, lakini masasisho yake bado yamekalia kifaa chako. Mbili usiziguse: Huduma za Google Play, na ile iitwayo WebView, maana programu nyingi huzitegemea kufanya kazi na zitaanza kujifunga zenyewe.

Mabaki

Hapa ndipo nafasi iliyopotea inapojificha, na hapa ndipo ningependa utumie muda wako mwingi.

Kwetu gemu halishuki kila mara kutoka Play Store. Linatoka kwa rafiki, kwa Xender au SHAREit, programu za kutumiana mafaili bila bando, kwa sababu bando ni ghali na jirani tayari analo. Linapokuja hivyo, linakuja kama faili la APK, yaani kifurushi cha kusakinishia programu, linaingia kwenye folda ya Xender, kisha unalibonyeza kulisakinisha. Mfumo unalinakili kwenda sehemu yake, na lile lililotumwa linabaki kwenye folda. Kuanzia dakika hiyo una gemu mara mbili. Ukilisanidua, unaondoa moja. Lile la Xender halina alama kwenye kioo, halimo kwenye orodha ya programu, na litakaa miaka. Fungua kidhibiti cha faili, ingia hifadhi ya ndani, folda ya Xender, na humo ndani ile ndogo ya app, uone kilichomo. Fanya vilevile kwa folda ya Download na ile ya Bluetooth. Faili la APK la programu iliyokwisha kusakinishwa linaweza kufutwa bila hofu; programu haitalitafuta tena.

PPSSPP ni mada yake yenyewe. Ni programu inayoigiza PSP, mashine ya magemu ya mkononi ya Sony, na yenyewe ni ndogo. Lakini magemu yake ni mafaili ya ISO, kila moja likiwa nakala ya diski nzima ya PSP, na diski hiyo ilibeba hadi GB 1.8. Tazama safari ya gemu moja la mpira kwenye tableti ya GB 16. Linapakuliwa likiwa limebanwa, faili la zip au 7z. Linafunguliwa, linatoka ISO. Zip haifutwi. Mara nyingi huja na kifurushi kingine cha sura na jezi mpya, nacho zip, kinafunguliwa ndani ya folda ya PSP kwenye TEXTURES. Nacho hakifutwi. Mtu anachoka na gemu, anasanidua PPSSPP, na anashangaa namba ya Hifadhi imesogea kidogo tu. Ameondoa mashine akaacha diski zote. Zitafute kwa mkono: kwenye kidhibiti cha faili andika iso katika sehemu ya kutafuta, kisha cso, kisha zip, kisha 7z. Kabla hujafuta, fungua folda ya PSP na unakili ile ndogo iitwayo SAVEDATA, ambayo ndiyo yenye ligi na makombe ya mchezaji. Huwa ni ndogo, inaingia hata kwenye barua pepe. Na kama mwenyewe hataki kuachana na gemu, ISO inaweza kubanwa kuwa CSO kwa kompyuta, PPSSPP inaisoma vilevile, au ihamishiwe kwenye memori kadi, kwani PPSSPP haijali diski iko wapi mradi uielekeze.

Magemu makubwa yaliyotoka Play Store enzi hizo yalikuwa na mafaili ya OBB, yaani mizigo ya ziada ya gemu, hadi mawili kwa gemu, kila moja likiruhusiwa kufika GB 2. Yanakaa kwenye Android, obb, ndani ya folda yenye jina la kitaalamu la gemu. Gemu likisanidulwa kwa njia ya kawaida folda hiyo hufutwa nalo. Mabaki hutokea pale mtu alipoweka OBB kwa mkono: akakosea jina la folda, au gemu lenyewe halikukubali kusakinishwa. Pita folda za obb mojamoja; ukikuta yenye jina la gemu ambalo halimo kwenye tableti, ifute. Kwenye Android 11 na kuendelea, mfumo huzificha folda za obb na data zisionekane na vidhibiti vya faili. Hapo tumia kompyuta na waya wa USB. Lakini usije ukaifuta folda nzima ya Android kwa hasira. Programu zote zilizobaki zitapoteza vitu vyake kwa mkupuo mmoja.

Washa kuonyesha mafaili yaliyofichwa, kisha angalia DCIM, .thumbnails. Android za zamani hutengeneza humo faili moja ambalo jina lake linaanza na .thumbdata, la kuhifadhi vijipicha vya matunzio, na faili hilo hukua bila kupungua hata picha zikifutwa. Kwenye tableti iliyopiga picha nyingi linaweza kuwa kubwa kuliko picha zenyewe zilizobaki. Lifute. Mfumo utatengeneza jipya, dogo.

WhatsApp kila mtu anaijua, nitapita haraka: ndani yake fungua Mipangilio, Hifadhi na data, Dhibiti hifadhi, uanze na video kubwa zilizosambazwa mara nyingi. Telegram ni rahisi zaidi; kufuta akiba yake hakupotezi kitu cha kwenye wingu, kwa hiyo hapo akiba ina maana.

Mwisho wa mabaki ni ndoo ya taka. Google Photos hushikilia picha zilizofutwa hadi siku 60 kama zilikuwa na nakala kwenye akaunti, na siku 30 kama hazikuwa nayo. Files ya Google nayo hushikilia siku 30. Kama hujaimwaga ndoo, hujafuta. Imwage, kisha urudi kwenye karatasi yako uone tofauti.

Sitapendekeza programu za kusafisha zenye roketi na mafagio zinazojitangaza ndani ya magemu. Zinakalia nafasi, zinaleta matangazo, na kazi yake kubwa ni kufuta akiba ambayo itarudi kesho. Pia kuna ushauri unaozunguka wa kuingia kwenye menyu ya uokoaji na kufuta sehemu ya cache. Hauna madhara, lakini sehemu hiyo imetengwa na hifadhi yako, kwa hiyo hutapata hata MB moja ya picha.

Memori kadi

Kadi husaidia sana kwa picha, video, muziki na diski za PPSSPP. Kwa magemu yenyewe, inategemea. Android 6, ya mwaka 2015, ilileta uwezo wa kuifanya kadi iwe sehemu ya hifadhi ya ndani, lakini baadhi ya watengenezaji, Samsung wakiwemo, waliuzima. Pale uwezo huo ulipo, ukiutumia, kadi husimbwa kwa ajili ya kifaa hicho kimoja. Ukiichomoa, programu zilizomo zinazimika, na kwenye simu nyingine haisomeki. Pasipokuwa na uwezo huo kuna kitufe cha kuhamishia programu kwenye kadi, ila mtengenezaji wa gemu lazima awe ameliruhusu, na hata hivyo sehemu ya data hubaki ndani. Ndiyo maana gemu lililohamishwa bado linaonekana likikula hifadhi ya ndani.

Kwa magemu, tafuta kadi yenye alama ya A1. Maana yake imepimwa kusoma vipande vidogo 1,500 na kuandika 500 kwa sekunde, na gemu linaishi kwa vipande vidogo. Kadi isiyo na alama hiyo inaweza kucheza sinema vizuri kabisa halafu ikaligandisha gemu. Na jihadhari na kadi ya bei ya kutupa inayosema GB 512. Kadi bandia hudanganya ukubwa wake: inapokea mafaili bila kulalamika, na yakizidi uwezo wake wa kweli yanaandikwa juu ya mengine au yanatoweka. Kabla ya kuiamini na picha za familia, ijaribu kwenye kompyuta kwa H2testw ya Windows au F3 ya Linux. Programu hizo huijaza kadi yote, kisha huisoma tena kuona kama kilichoandikwa ndicho kilichomo.

Isijae tena

Kwenye Play Store, gusa picha ya akaunti, Mipangilio, Mapendeleo ya mtandao, na uzime usasishaji wa kiotomatiki. Kwenye tableti ya GB 8 hili ni la lazima, kwa sababu kila sasisho hukua kidogo na programu kumi zikikua MB 20 kila moja umeshapoteza MB 200 ukiwa umelala. Lakini usiziache programu za mawasiliano na za pesa bila masasisho. Mara moja kwa mwezi zisasishe hizo kwa mkono, mojamoja. Kama mtoto ana akaunti yake, Family Link, programu ya Google ya wazazi, inaweza kuwekwa ili kila upakuaji uombe ruhusa ya mzazi, hata wa bure. Nenosiri la manunuzi peke yake halizuii magemu ya bure.

Kurudisha tableti ilivyotoka kiwandani ni hatua ya mwisho, pale mabaki yamekushinda kuyahesabu. Kabla yake hamisha picha, hakikisha unalijua nenosiri la akaunti ya Google iliyomo, au iondoe akaunti hiyo kwenye Mipangilio kwanza. Tangu Android 5.1, kifaa kilichorudishwa bila kufuata njia hiyo kinaweza kudai akaunti ya zamani na kukataa kufunguka. Kama kishikwambi ni cha shule au ofisi, usikirudishe bila kumuuliza anayevisimamia, maana kinaweza kuwa kimefungwa kwenye mfumo wa usimamizi.

Baada ya usafi wote, zima tableti, iwashe, kisha iache kwenye chaji usiku kucha, kioo kimezimwa, bila mtu kuigusa. Tangu Android 4.3 mfumo una kazi ya kuijulisha chipu ni mafungu gani yameachwa wazi ili yasafishwe, na kazi hiyo hufanyika kifaa kikiwa kimetulia. Tableti inayochajiwa huku inachezewa haipati nafasi hiyo, na wepesi uliotarajia hauonekani mpaka ipumzike.

Asubuhi fungua Hifadhi na uandike namba mpya chini ya ile ya kwanza. Iandike tena baada ya siku saba. Kama imeshuka kwa MB 300 na hakuna aliyeweka gemu, rudi kwenye orodha ya programu iliyopangwa kwa ukubwa. Huwa ni WhatsApp inayojipakulia video zenyewe, au kuna mtumiaji wa pili wa tableti ambaye Play Store yake bado inajisasisha.